Kofia ya Bwana Mstari

Benchi letu liko nje ya duka la Mzee Bakili, hapa Mbinga, na ukikaa bila la kusema utaonekana umefuata kahawa tu. Leo kila mtu alikuwa na lake. Jana gulioni Hilari alivua ile kofia yake ya kizungu, akasema: “Bwana Mstari anaaga leo. Msimwite tena.” Tangu Uhuru Hilari anamwigiza huyo Bwana Mstari, ofisa anayekuja na kamba kutaka mashimo yetu ya ngolo tunayolimia mlimani yanyooke yawe matuta. Tulikuwa tunacheka mpaka machozi. Jana hakucheka mtu, na mimi iliniuma.

— Kaogopa tu, alisema Gaudence, tunayemwita Wakili ingawa mahakamani hajawahi kukanyaga. Wahenga walisema asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Ndiyo maana watu wananunua baiskeli.

— Baiskeli inaingiaje hapo? aliuliza Benno Redio. Kapewa ukarani yule. Mtamwona anakuja na kamba ya kweli.

— Ukarani gani, alisema Mzee Bakili akimimina kahawa. Wamempeleka kwa mganga kule Lundo, katolewa kicheko.

— Basi kimetolewa changu, alisema Wakili. “Mlima huu umesimama vibaya, uambieni ulale nipime.” Nani alimpa hilo? Nililisema hapahapa.

— Na la kuitoza faini mvua iliyonyesha bila kibali ni langu, alisema Benno.

— Kofia yenyewe nilimpa mimi, alisema Bakili.

— Tumemlea, halafu anatukimbia, alisema Wakili. Mwoga huyo.

Walburga, mke wa Hilari, alikuwa amekwishafika nyuma yetu. Alitoa kofia chini ya kanga.

— Shikamoo, Mzee Bakili.

— Marahaba, mama. Hilari hajambo?

— Hajalala. Juzi aliitwa ofisini, wakamuuliza nani anamtungia yale maneno. Akasema ni yake, hana mwenzake. Wakamwambia amuage huyo mtu wake mbele ya watu, na kesho ndiyo anatakiwa arudi wamuulize vizuri.

Aliiweka kofia benchini, kati ya Wakili na Benno. Wote wawili wakasogea.

— Mimi mambo ya kutunga siyajui. Ninyi ndio mnakaa naye kila siku. Ni kweli alikuwa anatunga peke yake?

Mzee Bakili aliinua birika atuongezee. Vikombe vyote vilikuwa bado vimejaa.