Weizero Mulunesh na Mstari Mmoja wa Fomu

Weizero Mulunesh Debalke aliajiriwa katika Jumba la Maonyesho la Adey, hapa mjini Dessie, mwezi wa Hamle 1979 kwa kalenda yetu, na anastaafu rasmi Jumapili hii, tarehe 30 Sene 2016, siku ya mwisho kabla Hamle haijaanza tena. Ni miaka thelathini na saba kasoro siku chache. Kwa muda wote huo faili lake limesema hivi: Kazi, fundi cherehani. Najua, kwa sababu faili nalitunza mimi.

Mstari ule wa fomu una nafasi ya kazi moja tu. Aliyeubuni hakuwahi kukutana na Mulunesh. Mama huyu ameigiza malkia, mtawa, mlevi na, siku moja tulipozidiwa, punda. Ameandika tamthilia kumi na moja. Milima yote inayoonekana jukwaani kaichora yeye, nyuzi za krari anazipiga, na akianza kucheza ngoma ya mabega, wageni rasmi wa safu ya mbele husahau urasmi wao.

Jukwaani aliingia kwa bahati mbaya, tena akiwa na sindano mkononi. Ilikuwa onyesho la kwanza la mwaka 1980. Pazia lilifunguliwa kabla hajamaliza pindo la gauni la malkia, na malkia, kwa woga, akaondoka nalo hivyo hivyo. Mulunesh akamfuata kwa magoti mpaka katikati ya jukwaa huku akishona. Alipoona watu mia nne wanamtazama, hakukimbia. Alifoka, "Bibi wewe, simama tuli! Ukipanda kiti cha enzi hivi, utafika wewe, gauni litabaki mlangoni!" Watu walicheka mpaka malkia naye akacheka, na mfalme akasahau maneno yake. Kuanzia kesho yake, mjakazi mwenye sindano akawa mhusika wa kudumu katika mchezo ule.

Tamthilia yake ya kwanza, *Mama Mkwe Hajashiba*, iliangukia katikati ya mfungo mkuu, wakati nyama hailiwi. Mchezo unataka mchuzi wa kuku, na hakuna mtu Dessie angevumilia kuona kuku analiwa siku zile, hata kwa kuigiza. Mulunesh akakata godoro bovu la sponji, akalipaka rangi nyekundu, akatengeneza mchuzi wa kutamanisha kabisa. Kwenye karamu ya harusi, yeye akiwa mama mkwe, akamlisha mkwewe tonge kwa mkono wake, kama desturi ilivyo. Mkwe aliigizwa na mwenzetu Ato Getenet Yirdaw, ambaye alikusudia kulificha tonge shavuni. Ukumbi haukumpa nafasi, watu wakapiga kelele: "Meza! Unamkataa mama mkwe?" Getenet akatafuna. Na kwa kuwa tonge moja haliachwi peke yake, Mulunesh akamtengenezea la pili, kubwa zaidi, akamwambia kwa upole, "Kula mwanangu, umekonda." Ato Getenet yupo nasi leo, mzima wa afya, na bado hagusi kitu chochote chekundu alichopika mwenzake huyu.

Lakini mstari ule wa fomu ulimuuma, na sitaficha hilo kwa ajili ya sherehe. Marehemu baba yake, Aleka Debalke, alifundisha nyimbo kanisani na aliona uigizaji ni kazi ya wasio na kazi. Alimwambia bintiye, "Siku utakayoniletea karatasi yenye muhuri inayosema wewe ni msanii, nitakuja kukaa mbele kabisa." Kila mwaka Mulunesh aliomba mstari ubadilishwe. Kila mwaka niliandika jibu kwamba nafasi hiyo haipo. Maombi yake ninayo yote. La tisa aliliandika kama tamthilia, lina maonyesho mawili na adui mmoja, karani mwembamba anayeitwa Tilaye, anayekufa kwa kumeza gundi ya bahasha. Mimi ndiye Tilaye. Nililisoma mara tatu, nikacheka peke yangu ofisini, kisha nikalikataa. Mwaka 1998 Aleka Debalke akafariki bila kukanyaga ukumbi huu, na majibu yale yote yana sahihi yangu. Nasikitika sana, na leo nalisema mbele ya watu.

Ndiyo maana mwaka huu nilihangaika. Nilipanda ngazi za wakubwa miezi minne, nikabishana na watu wenye vyeo vikubwa kuliko mimi, mpaka wakakubali: hati yake ya kustaafu iandikwe kazi yoyote atakayoitaja mwenyewe. Juzi asubuhi nikamwita, nikampa kiti, nikafungua kalamu. Nikamuuliza tuandike mwigizaji au mwandishi, au tujibane tuweke vyote.

Macho yalimlowa, akayafuta kwa ncha ya shuka lake jeupe. "Aliyeitaka hiyo karatasi hayupo tena, Tilaye," alisema. Halafu nikaona uso wake unabadilika, uso ule ule ambao Getenet anauogopa. Akaniuliza, "Hii hati, kazi iliyoandikwa humo ndiyo inayokoma?" Nikasema ndiyo, kisheria inakoma usiku wa tarehe 30. Akapiga meza yangu kwa kiganja mpaka wino ukaruka. "Basi andika fundi cherehani! Mlichoajiri ndicho mnachostaafisha. Hao wengine hamjawahi kuwaajiri, mtawastaafishaje?"

Nimetafuta kifungu cha kumpinga siku mbili nzima. Hakipo. Hati imeandikwa fundi cherehani, imepigwa muhuri, na meneja wetu Ato Kifle ametia sahihi huku akicheka mpaka akakohoa.

Kwa hiyo, fundi wetu mpendwa, asante kwa kila pindo na kila kifungo. Nenda ukapumzike salama, maisha mema na afya tele tunakuombea. Na yule mwigizaji aambiwe kwamba mazoezi ni kesho yake, Jumatatu, tarehe 1 Hamle, saa tatu kamili, na asituchelewee.

Tilaye Bezabih
Ofisi ya Wafanyakazi