Komalavalli, Mwimbaji Aliyemwacha Waziri Amesimama

Ndugu, jamaa na majirani wa Mylapore, na ninyi wa viti vya nyuma mliokuja kwa ajili ya uji mtamu wa siku ya kumi na tatu ya msiba, karibuni pia, haya ndiyo maisha ya marehemu Komalavalli Ramaseshan, yameandikwa na wifi yake na yanasomwa kwa niaba ya familia yote, anayetaka kulia alie, anayetaka kucheka acheke, maana mwenyewe hakupenda watu wanaokaa kama magunia ya mchele.

Marehemu alizaliwa tarehe 3 Septemba 1938 katika kijiji cha Swamimalai, karibu na Kumbakonam, mtoto wa nne wa mwalimu wa hesabu Sabesan na mkewe Visalam, akasoma hadi darasa la nane katika shule ya wasichana ya Kumbakonam, ambako hesabu zilimshinda mpaka baba yake akaona haya, lakini kila jioni alikwenda kwa Mwalimu Pichumani kufundishwa kuimba, na huyo ndiye aliyemtia kichwani kwamba raga, yaani ile sauti anayoipandisha mwimbaji bila maneno kabla ya wimbo wenyewe, ni kama maziwa jikoni, ukigeuka kumtazama mgeni yanamwagika.

Tarehe 30 Juni 1957 aliolewa na Ramaseshan, karani wa reli, akaja kuishi Madras, na siku wakwe walipokwenda kumwona kabla ya ndoa aliambiwa aimbe kidogo tu, akaimba mpaka bajia zikapoa, wazee wakawa wanatazama saa, bwana harusi akamaliza sahani nzima bila kujua anakula nini, hapo mama mkwe akajua kijana ameshatekwa moyo. Mungu aliwajalia watoto wawili, Gomathi mwaka 1959, na Sundaresan mwaka 1963, yule wa Marekani, ambaye amefika na masanduku matatu na bado anaazima taulo.

Marehemu alianza kuimba redioni mwaka 1960, akapanda jukwaa la sabha yetu, yaani chama chetu cha muziki, Nada Mandapam tarehe 19 Desemba 1961, na kutoka hapo sifa zikamwagika, Thanjavur walimpa bangili, Madurai wakamzungusha mjini kwa gari la farasi, Colombo walimvika maua mpaka akapiga chafya, lakini moyo wake ulikuwa kwenye kitu kimoja tu, lile jina la Johari ya Sauti ambalo sabha humpa mwimbaji mmoja kila msimu wa muziki, Desemba hadi Januari, na asiyelipata hapa Mylapore, hata angesifiwa mbinguni, kwenye foleni ya kahawa watu humwonea huruma.

Lingekuwa lake mapema, ila mnajua yaliyotokea tarehe 27 Desemba 1974, na ambao hamkuwepo mmesimuliwa na waliosema uongo, kwa hiyo sikilizeni. Ada yetu ni kwamba mgeni rasmi akiingia, wimbo hukatwa, mwimbaji huvikwa shali, hotuba husomwa, kisha anaendelea kama aliyeamshwa usingizini. Siku hiyo waziri alichelewa, akaingia wakati marehemu yuko katikati ya raga, amefumba macho, sauti iko juu kabisa, katibu Venkatachari akapanda jukwaani kwa magoti akamnong'oneza, "Mama, waziri amesimama." Marehemu hakufumbua macho wala hakukata sauti, alipunga mkono tu, kama anayemwambia mtoto akae, na ukumbi mzima ukauona ule mkono. Waziri alisimama na shali yake mpaka akachoka, mwishowe akamvika mpiga fidla akaondoka zake, na mpiga fidla wetu, Mungu amrehemu, aliivaa shali ile kila Desemba, ingawa Madras haina baridi ya maana.

Baada ya hapo kila mwaka jina lake lilitajwa kwenye kamati, na kila mwaka ikasemwa kwamba sauti anayo, adabu hana. Mwaka 1991 jina hilo akapewa mwanafunzi wake mwenyewe, Hemavathi, aliyekuja akilia kwamba atakataa, marehemu akamwambia, "Kaipokee, mjinga wewe, na uvae ile sari ya kijani, hii ya zambarau inakufanya kama mgonjwa," kisha akakaa mstari wa mbele akapiga makofi kuliko wote. Aliporudi nyumbani alionekana ana macho mekundu, akasingizia vitunguu, katika nyumba ambayo siku hiyo ilikuwa imefunga na kitunguu hakikuvuka mlango.

Oktoba 2003 katibu mpya alikuja na sinia la matunda, nazi na majani ya tambuu, akasema jina ni lake safari hii, ila kamati inaomba jambo moja dogo, mgeni rasmi akiingia, anyamaze. Tulimsihi sote, mumewe mgonjwa akamsihi kutoka kitandani, wifi yake akamwambia, "Wifi, funga mdomo dakika tano, ukishapewa imba mpaka sikukuu ya Pongal." Marehemu alimsogezea katibu kikombe. "Kahawa kunywa, mwanangu, ni ya moto. Jina lenu rudi nalo."

Mtaa haukulala. Wasikilizaji wa zamani walikwenda sabha, wakakaa kantini wakila maandazi yote ya vada na kusema kwa sauti kwamba msimu huu hawatanunua tiketi, mpaka kamati ikalegea, akapewa bila sharti lolote. Tarehe 1 Januari 2004 mgeni rasmi, jaji mstaafu, akachelewa kwa foleni ya magari, akafika maziwa yakiwa yanapanda. Katibu alinyanyuka, mzee mmoja akamvuta shuka ya kiunoni akakaa chini bila kupenda. Na jaji, jamani, jaji akavua viatu, akaketi sakafuni kati ya wanafunzi, shali mapajani, mpaka raga ikaisha, na wimbo wake, na ngoma zake. Marehemu alipofumbua macho akamwona, akasema kwenye kipaza sauti, "Mheshimiwa, umefika lini?"

"Mapema, mama. Wewe ndiye uliyekuwa mbali."

Ukumbi uliopasuka kwa kelele siku ile haujatulia hadi leo. Mumewe alisikiliza redioni, akafariki Machi mwaka uleule, ametosheka.

Nishani ya taifa kutoka Delhi ilifuata mwaka 2009, akasema ni nzito. Moyo ulianza kumsumbua Februari 2021, akalazwa mara mbili, na alfajiri ya tarehe 11 Agosti 2022 akatutoka nyumbani kwake, Gomathi akiwa amemshika mkono.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi, majirani walioleta vitumbua vya idli kabla hatujaomba, wapiga ala wenzake, Hemavathi aliyekuja na sari ya kijani, na wote mliowahi kumsubiri.

Endelea sasa, Komalavalli, kwa amani, kule hakuna katibu.