Bastola Yangu, Jela ya Josphat

Bwana asifiwe! Na ninyi mlioketi kule nyuma, Bwana asifiwe tena. Mimi ni Baba Neema, mnanijua kama kiongozi wa maombi. Leo sikuja kumwombea mtu. Nimekuja kusema nilichofanya.

Ndugu zangu, miaka mitatu nimekuwa nikipelekea watu chakula kwa gari langu, oda za kwenye simu. Naishi Manassas, kule Virginia, lakini ile simu haijui mpaka. Unachukua kuku Virginia, mara unajikuta Columbia Heights, ndani ya Washington DC, na mfuko mkononi. Huko ndiko vijana wawili walikonisimamisha mchana kweupe, wakaniwekea bunduki shingoni, wakachukua simu na pochi. Tangu siku hiyo, kila nilipobisha mlango nilitazama nyuma kwanza. Mzee mzima, niliogopa kama mtoto.

Nikanunua bastola. Nikapata kibali cha Virginia cha kuibeba, nikajiona nimemaliza. Kumbe kibali kile mwisho wake ni darajani, pale unapovuka mto kutoka Virginia! Ukiingia nacho DC au Maryland ni karatasi tu, na wewe ni mhalifu. Tena kampuni yenyewe inakataza dereva kubeba silaha; nilibonyeza "nakubali" bila kusoma, kama sisi sote tunavyofanya. Baadaye nilijua hayo yote, na bado niliibeba chini ya kiti cha dereva, nimeiviringisha kwa taulo ya mtoto. Hata mke wangu hakujua.

Sasa, mnajua desturi yetu hapa Hyattsville, upande huu wa Maryland. Ibada ikiisha, mwenye gari anatoa funguo, na atakayeendesha anawarudisha kina mama makwao. Gari langu limeendeshwa na nusu ya kanisa hili. Jumapili ile nilibaki kwenye kikao cha maombi, nikamrushia funguo Josphat, ndugu yangu tuliyekuja naye Amerika mwaka uleule. Makaratasi yake ya uhamiaji yalikuwa bado.

Nikisema niliisahau ile bastola chini ya kiti, nitakuwa nimedanganya madhabahuni. Nilikumbuka baada ya dakika kumi. Simu ilikuwa mfukoni. Lakini nilikuwa nimeshika maikrofoni, watu wamefumba macho, nikaona aibu kukatiza. Nikajiambia Mungu atamlinda.

Polisi walimsimamisha kwa sababu ya taa ya nyuma iliyoungua, taa ambayo kila wiki nilisema nitaibadilisha. Taulo ilikuwa imechomoza chini ya kiti; wakaivuta, bastola ikatoka. Josphat alitiwa pingu mbele ya kina mama watatu.

Polisi wakanipigia mimi, mwenye gari. Niliitazama ile namba ikilia mpaka ikanyamaza. Walipiga tena, na tena. Mwanasheria wa makaratasi yangu alikuwa ameniambia zamani kwamba kesi ya bunduki yaweza kukurudisha kwenu hata ukiwa na green card, kile kibali cha kuishi hapa, na mimi nina watoto watatu waliozaliwa hapa, hawajui hata kwetu Nyahururu, Kenya, iko upande gani. Kwa vile funguo zangu huzunguka, hakuna aliyeninyooshea kidole. Ndugu zangu, siku kumi na moja nilikula, nikalala, nikaja hapa hapa kuongoza maombi ya kumtoa Josphat jela. Mkaitikia amina. Mungu anisamehe zile amina.

Siku ya kumi na moja akapiga Mercy, mke wa Josphat. Sauti imemkauka kwa kulia.

"Baba Neema," akasema, "omba aliyeiacha hiyo bunduki ajitokeze. Josphat amewaambia polisi si yako. Amesema wewe anakujua."

Nilikaa chini sakafuni, jikoni. Nililia mpaka binti yangu Neema akatoka chumbani, akaniuliza kwa Kiingereza chake kama kuna mtu amekufa. Nikavaa viatu, nikampigia mwanasheria anikute kituoni, nikasema yote.

Hapo ndipo Bwana aliponifungua. Kesi hakuniondolea, korti ni mwezi ujao, na huenda nikarudishwa nyumbani nikawaacha watoto. Aliniondolea uongo, na usingizi umerudi. Lakini Josphat alitoka akakuta kazi yake ya ghala imeenda, na makaratasi yake sasa yana swali ambalo halikuwepo. Mimi ndiye ninayeshuhudia kufunguliwa, na yeye ndiye aliyefungwa. Jambo hili linaniuma, na sitaki liache kuniuma.

Ndugu yangu unayeficha kitu, nakusihi, mtegemee Mungu leo, ukiseme. Yeye hakukimbii ukisema ukweli. Usingoje mpaka mke wa mtu akupigie.

Namshukuru Mungu kwa rehema zake. Josphat, nakuona pale nyuma karibu na mlango. Sitakuomba unisamehe mbele ya watu, hiyo itakuwa kukulazimisha. Ibada ikiisha, kina mama watahitaji kurudishwa. Funguo hizi hapa mezani. Taa nimebadilisha, na ndani ya gari nimetoa kila kitu, hata mazulia. Ukitaka kulikagua kwanza, kagua.