Filamu za Kumfariji Cheche

Kijiwe chetu kiko kwenye kona ya barabara, kati ya cherehani ya Mheshimiwa na lundo la matairi ya Pancha. Mheshimiwa ni fundi nguo. Jina hilo alilipata mwaka aliogombea udiwani akashindwa hata kwenye kituo walichopigia kura yeye, mkewe na mama mkwe wake. Pancha, kama lilivyo jina lake, anaziba matairi. Trela ana kibanda cha video, na hukuruhusu kuingia akishakusimulia filamu yote mlangoni, pamoja na mwisho wake. Kahawa anamimina Mama Birika, ambaye hacheki ovyo. Mimi natengeneza redio, kwa hiyo kazi yangu ni kusikiliza. Asubuhi ile aliyekosekana ni Cheche, fundi wetu wa kuchomelea mageti, na kwa kuwa hayupo, tulikuwa tunamsema. Kwa mapenzi, lakini.

Cheche anaishi na mkewe na mama yake mzazi, na kwa muda sasa kumbukumbu za mama zimekuwa zikipungua kidogo kidogo. Juzi alirudi kutoka kazini, akabisha hodi. Mama akafungua, akamtazama, akamwambia kwa heshima zote: "Karibu fundi. Mwanangu hayupo, njoo kesho." Cheche akaaga, akazunguka nyumba, akaingia kwa mlango wa jikoni.

Jana alitusimulia hayo huku akitazama kikombe chake. Pancha hawezi kuvumilia kimya. Akamshika mkono, akamwambia:

— Pole sana ndugu yangu. Haba na haba hujaza kibaba.

Cheche akainuka, akaenda zake. Ndiyo maana leo kesi ilikuwa ya Pancha.

— Kibaba cha nini, Pancha? aliuliza Mheshimiwa, uzi ukiwa mdomoni.

— Ulimi uliteleza, mzee. Nilitaka kusema subira yavuta heri, ikatoka ya jirani yake.

— Methali si tairi, bwana, kwamba ukikosa saizi unavalisha yoyote.

Trela alikuwa anangoja pengo hilo hilo.

— Mngekuja kwangu wiki hii msingeumbuka. Nimeonyesha filamu za kufariji watu, tupu! Watu wanalia mpaka vumbi la kibandani linatulia.

— Hakuna ngumi? aliuliza Pancha.

— Hata kofi hakuna. Kuna moja, mwanamke kafiwa na mumewe. Jirani yake anaingia jikoni, hasemi neno. Anachukua kisu, anamenya vitunguu. Na mwenzake anachukua kisu. Wanamenya. Filamu nzima wanamenya. Mwisho wake...

— Usiseme mwisho!

— ...vitunguu vinakwisha.

— Sasa hapo kafarijika nani? akasema Mheshimiwa. Kwa vitunguu hata hakimu analia.

— Ndiyo siri yenyewe! Anayelia peke yake anaona haya. Leta vitunguu, mlie wote, hakuna wa kumwuliza mwenzake kulikoni.

Mama Birika alimtazama Trela kama mtu aliyeokota kitu cha maana jalalani. Kisha akaendelea kumimina.

Mheshimiwa hakukubali. Kwake yeye mwenye uchungu anahitaji maneno, tena maneno yaliyopangwa, yenye utangulizi.

— Samaki mkunje angali mbichi, alisema. Mtu umuwahi na hotuba kabla huzuni haijakauka.

— Ulishatuhutubia mwaka ule, alijibu Pancha. Tukafarijika tukampa kura mwingine.

Tulicheka mpaka Mheshimiwa akajichoma sindano. Trela akasimama katikati yetu, mikono nyuma, kama mwalimu wa zamu.

— Nisikilizeni. Nimetazama hizi filamu zaidi yenu. Mfariji wa kweli anavaa miwani. Anaingia, anakaa, anashusha pumzi, halafu anaivua. Akishaivua tu, yule mwenye uchungu anafunguka.

— Na asiyevaa miwani?

— Hafariji. Anasalimia tu.

— Ninayo ile ya kukingia cheche, alisema Pancha. Aliisahau kwangu Cheche mwenyewe.

— Inafaa! Halafu bega. Mkono unawekwa bega la kushoto, upande wa moyo. La kulia ni la wanaodaiana. Na mvua lazima inyeshe.

— Mvua? niliuliza, maana hapo hata mimi nilishindwa kunyamaza. Mbingu ilikuwa kavu kama pasi.

— Sijaona filamu hata moja mtu anafarijiwa juani. Tutamwaga ndoo juu ya bati la Mheshimiwa, polepole. Ukiona vyaelea, vimeundwa.

— Mwaga maji juu ya vitambaa vya wateja wangu uone vitakavyoelea! alisema Mheshimiwa.

Hata hivyo walifanya mazoezi. Pancha akawa mwenye uchungu, Mheshimiwa akawa mfariji. Akamwekea mkono bega la kushoto, akasema, "Ndugu, katika nyakati kama hizi," na Pancha akatoa chozi. Trela akapiga makofi.

— Mnaona? Inafanya kazi!

— Inafanya nini, alisema Pancha akijinyonganyonga. Bega hilo jana liliangukiwa na tairi la lori. Toa mkono wako!

— Na huyo Cheche, aliuliza Mama Birika, kuna aliyemwuliza anataka nini?

— Mama Birika, alisema Trela kwa upole wa mtu mwenye elimu, kwenye filamu hawaulizi.

Hapo Pancha akatukonyeza. Cheche alikuwa anavuka barabara, mabega yamelegea, shati limefungwa vifungo kombo. Kila mtu akakimbilia nafasi yake. Cheche akasalimia, akakaa. Mheshimiwa akajisogeza, akaanza kutafuta bega. Kwa haraka akashika la kulia, akakumbuka, akahamia la kushoto. Pancha akavaa ile miwani nyeusi ya kuchomelea ili apate kuivua. Trela akafungua simu yake atuwekee muziki wa huzuni, na simu ikaanza kuimba tangazo la sabuni.

Cheche akatutazama mmoja mmoja.

— Nani amekufa?

Pancha, ambaye hakuwa anaona kitu ndani ya miwani ile, akanyoosha mkono kumpa pole, akamshika pua Mheshimiwa.

Cheche akaanza kucheka. Alicheka kwa sauti ambayo hatukuwa tumeisikia tangu mama yake aanze kusahau majina ya vyombo. Nasi tukacheka, tukapigana makofi ya mgongoni, Trela akaanza kueleza kwamba hii nayo ni mbinu, kuna filamu moja... Halafu nikaona mabega ya Cheche yanaendelea kutikisika na kicheko hakipo tena. Alikuwa ameinama, uso ndani ya viganja, na mtu mzima yule, anayenyanyua geti peke yake, analia kwa sauti.

Trela akazima simu. Mheshimiwa alikuwa bado na mkono begani pa mwenzake. Hakujua auondoe au auache. Pancha akavua miwani taratibu, si kwa ajili ya filamu sasa, bali apate kuona, na alipoona akatamani angebaki nayo.

Ndipo tukasikia viatu vya mpira nyuma yetu. Alikuwa shemeji yetu, mke wa Cheche, amemshika mkono mama mkwe wake. Walikuwa wanatoka zahanati. Mama alikuwa nadhifu, kitambaa kichwani kimefungwa sawasawa, macho yake yakienda huku na huku kama ya mgeni anayesoma mabango.

— Shikamoo mama, tukasema sote.

— Marahaba wanangu. Hamjambo?

Macho yake yakamwangukia Cheche. Shemeji alijaribu kumvuta waendelee, asimwone mwanawe katika hali ile, lakini mama aliuachia mkono wake. Akatujia. Bila kuomba ruhusa akachukua kikombe kilichokuwa mbele yangu, akakipuliza, akaonja ukingoni kama kinaunguza, akapuliza tena. Akaitoa mikono ya Cheche usoni, mmoja baada ya mwingine, akamwekea kikombe viganjani na kuvifunika kwa vyake.

— Kunywa, baba. Kunywa taratibu. Yatakwisha.

Cheche akamtazama. Akanywa. Mama akamfuta shavu kwa pindo la khanga, akaona vile vifungo vya shati vilivyokwenda kombo, akaanza kuvifungua na kuvifunga upya, kutoka juu kwenda chini. Alipofika cha mwisho akageuka kutukabili, uso umekunjamana kwa kutulaumu.

— Watu wazima wote hawa mmekaa mnamtazama. Huyu mtoto wa nani?

Mheshimiwa akauondoa mkono wake begani. Trela akaangalia viatu vyake. Shemeji akageukia ukutani.

— Si nawauliza? Mama yake yuko wapi? Mwiteni, aje amchukue mtoto wake.

Hata Mama Birika alibaki ameshika birika hewani, halimimini. Mama akangoja kidogo, akaona hatuna maana. Akatupungia mkono tupishe.

— Haya, sogeeni huko. Nitakaa naye mimi mpaka aje.

Tukasogea.