Tony Otieno Abok, Aliyekufa Mara Nyingi Kwenye Filamu

Marehemu Tony Otieno Abok alizaliwa tarehe 9 Julai 1966 huko Ugunja, Siaya, kifungua mimba wa Mama Phyllis na marehemu Mzee Abok. Mimi, Jerusha, ndiye dada yake.

Alisoma Ugunja, na huko shuleni ndiko alikoonja maigizo. Mwaka 1988 alikwenda Toronto kusomea uhasibu, lakini alionekana zaidi jukwaani kuliko darasani. Baba alinuna sana.

Alichukua uraia wa Kanada, akafanya kazi ya kuigiza katika filamu na televisheni hadi alipougua. Hakuwahi kuwa nyota. Alikuwa dereva wa teksi, mlinzi, shahidi mahakamani, na karibu kila mara aliuawa hadithi ikiwa bado mbichi. Hilo lilimuuma. Alitamani japo mara moja afike mwisho wa filamu.

Mwaka 1995 kanda ya filamu yake ilifika Ugunja. Binamu yetu alimwona akipigwa risasi, akakimbia nyumbani akipiga mayowe. Mama alianguka, majirani wakajaa uani, matanga yakaanza. Tony alipopatikana kwa simu, hema lilikuwa limeshasimamishwa. Tangu hapo, kabla ya kila filamu kuonyeshwa, alimpigia Mama simu: “Mama, nitakufa tena, lakini usilie.”

Mwaka 2001 alimwoa Consolata, wakajaliwa binti, Adhiambo. Walihamia Maskati, Oman, mwaka 2016, Consolata alipopata kazi ya ualimu; Tony aliendelea kusafiri kwenda kuigiza. Siku moja kwa kinyozi, mtaa wa Ruwi, mteja mmoja, Bwana Bakhit, ambaye baadaye akawa rafiki yake, alimkodolea macho: “Wewe si ulikufa jana kwenye tivii? Mie nnakuona mzima!” Tony aliipenda hadithi hiyo, akaisimulia mpaka tukaichoka. Leo natamani kuisikia tena.

Februari 2025 aligunduliwa kuwa na saratani ya kongosho. Alikataa tumwambie Mama. Alisema atamwambia mwenyewe. Oktoba, akiwa hospitalini, nami kando yake, aliomba simu yangu ampigie Mama.

“Mama, nakufa.”

Mama alicheka. “Sawa, mwanangu. Sitalia.”

Tony alinirudishia simu, akageukia ukutani. Alifariki tarehe 3 Novemba 2025. Nilipompigia Mama, alinijibu, “Aliniambia. Akimaliza, mwambie anipigie.” Nimerudia kumweleza kila siku, na jibu ni hilo hilo. Linatutesa sote, hasa kwa kuwa Tony aliomba azikwe hapa Maskati, karibu na mkewe na bintiye, na Mama hawezi tena kusafiri.

Ameacha mjane, Consolata; binti, Adhiambo; mama, Phyllis; na mimi dada yake.

Mama anatusikiliza kwa simu. Mama, hii si filamu. Tony hatapiga simu tena. Amepumzika, na Mungu amlaze pema.

Sasa lia, Mama.