Historia ya Fundi Spana, Aliyejifunza Kupika Chapati za Dengu Akiwa na Miaka Arobaini na Mitano

Ndugu, jamaa na majirani mliokuja kutushika mkono, marehemu, ambaye wengi wenu mlimjua kwa jina la Fundi Spana, alizaliwa Jumanne tarehe 4 Machi 1952, katika nyumba ya vyumba viwili nyuma ya kiwanda cha sabuni, akiwa mtoto wa pili wa mlinzi wa kiwanda hicho, na dada yake mkubwa ndiye anayewasomea historia hii.

Alisoma shule ya msingi kuanzia 1960 hadi 1967, bila sifa kubwa, maana mwalimu wa hesabu aliandika kwenye ripoti kwamba mtoto huyu mikono yake ina akili kuliko kichwa, na mwaka 1971 akaajiriwa kiwandani hapo kuwa fundi wa mitambo, kazi aliyoifanya miaka arobaini na mmoja, mpaka mgongo ukakataa.

Tarehe 15 Desemba 1979 alimuoa mpishi wa familia moja ya Kihindi, na baada ya kungoja sana wakajaliwa binti mmoja, tarehe 9 Juni 1988. Kila asubuhi mama alimpikia binti huyo chapati za maji za Kihindi, za dengu zilizolowekwa zikasagwa, zikachanganywa na semolina, ile ngano ya chengachenga, na mtindi, tangawizi na pilipili, kama alivyofundishwa na bibi wa familia ile, na marehemu alizila miaka yote hiyo bila kujua zinavyopikwa, kwa kuwa kwake jiko lilikuwa mahali pa kupita kwenda uani.

Mkewe alifariki tarehe 12 Agosti 1997, baada ya kuugua ini kwa wiki tatu. Binti akagoma kula asubuhi, chai ikawa inapoa na mkate unakauka, hata mapema Septemba akaanguka mstarini shuleni, na siku hiyo dada mtu akaja na begi, akasema bila kupepesa macho, "Mtoto wa kike halelewi kwa spana, nampeleka kwangu." Marehemu, mikono bado ina grisi, akajibu, "Dada, nipe mpaka mwisho wa mwezi. Ukikuta bado hali, mchukue."

Basi akawa anaamka saa kumi na nusu alfajiri. Siku ya kwanza hakuloweka dengu, zikatoka kama kokoto; siku ya pili alizidisha mtindi, binti akachungulia kikaango akasema, "Baba, hii ni gundi ya viatu," na lilikuwa neno lake la kwanza mezani tangu msiba. Marehemu akaenda kwa yule bibi, akakalishwa kwenye kigoda, akaambiwa semolina haitaki haraka, iache inywe maji nusu saa, na chapati usiiguse mpaka kingo zijiinue zenyewe. Tarehe 30 Septemba dada alirudi na begi, akamkuta binti kwenye chapati ya pili, akawekewa yake, akaila, akaongeza nyingine, akaondoka na begi tupu, na hakuwahi kumwambia ndugu yake kwamba dada ndiye aliyekosea, basi anasema leo, kwa kuchelewa.

Mtu asidhani alipika kwa furaha tu. Alichoka. Alipika kabla ya kila zamu kwa miaka kumi na mitano, hata binti alipokuwa muuguzi mwenye mshahara wake, na siku moja dada alimkuta anasinzia wima, upawa mkononi, akamuuliza kwa nini hanunui mkate, akajibu, "Uchovu huu nimeuzoea, dada. Ule wa kumtazama mtoto hali, siuwezi tena."

Mei 2022 moyo ulianza kumlemea, miguu ikajaa maji, akakatazwa chumvi. Binti alimpikia chapati zisizo na chumvi, akatafuna kipande, akasema, "Haina ladha, mwanangu, lakini imeiva." Alifariki Ijumaa tarehe 2 Februari 2024, saa mbili asubuhi, wodi namba nne, mkono wake ukiwa ndani ya mkono wa binti yake.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi wa wodi hiyo, jirani wa mlango wa pili aliyembeba kwenye ngazi bila kuitwa mara mbili, na mafundi wenzake, ambao tangu Ijumaa hawajakaa chini.

Umesimama muda mrefu, mdogo wangu. Pumzika sasa, wala usiamke mapema.