Risala ya Wastaafu Walioagwa Wakabaki

Mgeni rasmi, tunakusalimu. Viongozi wa meza kuu, akiwemo mwajiri wetu, habari za mchana.

KARIBU
Sisi wastaafu wa Kituo cha Maji Mwalugoye, hapa nje kidogo ya Tinde, tunakukaribisha. Umekuja kuwaaga wenzetu wawili, Hosiana na Selestine. Tumeomba kusoma kabla hawajakabidhiwa zawadi. Utaelewa kwa nini.

TULIKOTOKA
Tuliletwa hapa kwa barua za uhamisho, wengi kutoka mbali: Kasulu, Ngara, Mbulu. Tumelaza mabomba, tumeendesha mashine, tumelea watoto. Maji yaliyo mezani kwako ni kazi yetu.

TULIPOFIKIA
Sheria inamtaka mwajiri wa umma amlipe mstaafu stahili zake, pamoja na gharama ya kumsafirisha yeye, familia na mizigo hadi kwao. Tuliamini hivyo. Tulipoagwa, tukafanya kama watu wanaoondoka: mashamba ya kukodi tukarudisha, kuku tukagawa, vyombo tukafunga kamba. Jumuiya ya kanisa ikatuimbia, ikatutoa kwenye zamu zake za kusali nyumba kwa nyumba. Hapo ndipo tulipokosea. Fedha ya mizigo haikuja, na mtu aliyekwisha kuagwa hatembelewi.

CHANGAMOTO
Njiani tunaulizwa, "Babu, kumbe bado upo?" Mwanzoni tulicheka. Watoto wetu wanapiga simu kuuliza kama tumefika.

Mzee Athanas yuko hapa mbele. Masika iliyopita mkewe, Mama Serafina, aliugua, na hakuna aliyebisha hodi. Si ubaya wa majirani. Walijua yuko Kasulu. Mzee alitaka kufungua mzigo atoe sufuria ya uji. Mama akamkatalia kutoka kitandani: "Athanas, ukifungua hiyo kamba, hatuendi tena." Mzee akapika uji kwenye kopo la maziwa. Mama alipona. Kamba haijafunguliwa mpaka leo. Malori ya kwenda Kasulu yanapita barabarani, nao wanayasikia wakiwa ndani.

MAOMBI
Hatuombi msaada. Tunaomba mwajiri atimize wajibu wake. Yuko hapo kulia kwako. Ataje tarehe leo, kwa mdomo wake, mbele yako.

Jingine, mgeni rasmi, na utusamehe kwa kukuharibia ratiba: usiwaage Hosiana na Selestine leo. Zawadi wape, keki wakate, lakini wasiagwe. Waache na kuku wao, na mashamba yao, na zamu zao za jumuiya, na watu wa kuwabishia hodi. Siku gari la mizigo likisimama mlangoni kwao, njoo uwaage.

Nasi siku hiyo utuage upya. Ile ya kwanza hatuihesabu.

Mungu akubariki, akulinde njiani, akufikishe nyumbani kwako leo hii.

Ni sisi,
Wastaafu wa Kituo cha Maji Mwalugoye.

Imesomwa na Rebeka Ngassa (Mama Aneth), Katibu.